Kuondoa Shauri, Kubakiza Haki



Toleo hili tunalianza kwa kukiri kosa, na kosa lenyewe ni letu. Wakulima wa kigango kimoja walikuwa na shauri la mashamba ya bondeni katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Shauri hilo lilikuwa limekwisha kuahirishwa mara nyingi, kiasi kwamba nauli peke yake ilikuwa imekula mavuno ya msimu mzima. Wazee wa pande zote mbili wakaketi, wakazungumza, na yule aliyedaiwa kuyavamia mashamba akatamka mbele ya watu kwamba angeyaacha. Sisi wa Tume tulifurahi mno. Tuliwashauri wakulima waende wakaliondoe shauri lao, ili upatanisho ule usitiwe doa na kesi inayoendelea. Walikwenda. Msemaji wao alisimama akasema kwamba wamepatana na kwamba wanaliondoa shauri. Mwenyekiti wa Baraza akaandika. Mambo yakaisha kabla jua halijapanda. Amri waliyorudi nayo ilikuwa na mstari mmoja tu, usemao kwamba shauri limeondolewa.

Baada ya mvua za mwaka wa pili, trekta liliingia tena bondeni. Wakulima walichanga upya, wakaandika madai yao upya, wakarudi katika Baraza lile lile. Huko walikutana na wakili wa upande wa pili, naye hakubishana nao hata kidogo juu ya nani alilima wapi na tangu lini. Alisimama na ile karatasi yao ya mstari mmoja mkononi, akasema kwamba hawa waliondoa shauri lao kwa hiari yao, wala hawakuomba ruhusa ya kulifungua tena. Basi mlango umefungwa. Baraza lilikubaliana naye. Mama mmoja aliyekuwa miongoni mwa wadai alituuliza swali ambalo hatujaweza kulisahau: je, ninyi mliotutuma kuliondoa, hamkujua?

Hatukujua. Tulijua mengi kuhusu upatanisho, na machache mno kuhusu utaratibu wa mahakama. Kwa hiyo tumeona ni wajibu wetu kueleza jambo hili kwa kirefu, ili viongozi wa walei wanaoombwa ushauri kila Jumapili baada ya ibada wasiwape watu ushauri tulioutoa sisi.

Kanuni yenyewe imo katika Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966, Sura ya 33 ya Sheria za Tanzania, katika sehemu iitwayo Amri ya 23. Inasema kwamba mdai anaweza kuliondoa shauri lake wakati wowote baada ya kulifungua, au kuacha sehemu ya madai yake. Hadi hapo kila mtu anaelewa. Lakini kanuni hiyo inaendelea kueleza kwamba mdai anayeondoa shauri bila ruhusa ya mahakama ya kufungua jingine atawajibika kulipa gharama ambazo mahakama itaamuru, tena atazuiwa kufungua shauri jipya juu ya jambo lile lile. Ruhusa hiyo mahakama inaweza kuitoa kwa sababu za namna mbili. Ya kwanza ni pale inaporidhika kwamba shauri lazima lishindwe kwa sababu ya kasoro ya utaratibu. Ya pili ni pale panapokuwa na sababu nyingine za kutosha za kumruhusu mdai aanze upya. Mahakama ikitoa ruhusa, inaweza kuweka masharti, na sharti la kawaida ni malipo ya gharama za upande wa pili.

Maana yake ni kwamba watu wawili wanaweza kutoka mahakamani siku moja, kila mmoja akiwa ameondoa shauri lake, mmoja akabaki na haki yake mkononi na mwingine akawa ameiacha mezani. Kinachowatenganisha ni maneno machache ambayo mmoja aliyaomba na mwenzake hakuyaomba: kwamba shauri linaondolewa kwa ruhusa ya kufungua jipya. Mahakama haina wajibu wa kumkumbusha mdai kuyaomba. Mahakimu na wenyeviti wengine, kwa ubinadamu wao, humkumbusha. Wengine huandika kile walichoambiwa.

Tuongeze hapa jambo linalochanganya watu wengi, nao ni msamiati wa amri za mahakama. Kuna shauri lililoondolewa na mdai mwenyewe, kuna lililofutwa na mahakama, na kuna lililotupiliwa mbali. Wakulima wetu wa Songea wamo katika historia ya tofauti hiyo. Mwaka 1959 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, katika shauri la Chama cha Ushirika cha Ngoni-Matengo, ilieleza kwamba rufaa isiyokamilika kiutaratibu hufutwa, kwa kuwa mbele ya mahakama hakuna rufaa halali ya kuamuliwa. Kutupilia mbali ni kwa rufaa iliyofika kihalali ikashindwa. Hadi leo majaji wetu huirejea hukumu hiyo. Aliyefutiwa kwa kawaida anaweza kurekebisha na kurudi. Aliyetupiliwa mbali hana budi kufikiria rufaa au njia nyingine ya juu. Kwa hiyo mtu anapowaambia kwamba kesi yake imetolewa, msimpe pole wala hongera kabla hamjaisoma karatasi yake.

Je, kwa nini mtu mwenye haki aliondoe shauri lake? Sababu ya upatanisho tumekwisha kuitaja. Ziko na nyingine, na katika vijiji vyetu zinazojitokeza zaidi ni kasoro za mwanzo. Watu sitini hujikusanya wakamtanguliza mmoja wao kushitaki kwa niaba ya wote, bila kuomba kwanza kibali cha mahakama cha kufungua shauri la uwakilishi. Au hushitaki halmashauri ya kijiji kana kwamba wanamshitaki jirani. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020, serikali za mitaa nazo zinahusishwa katika utaratibu wa mashauri dhidi ya Serikali: ni lazima itolewe notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe katika shauri, na shauri lenyewe lifunguliwe Mahakama Kuu. Au tena, watu huruka Baraza la Kata. Tangu mwaka 2021 Baraza la Kata halina tena mamlaka ya kuamua migogoro ya ardhi. Kazi yake ni kusuluhisha, na Baraza la Wilaya linahitaji kuona kwamba usuluhishi huo umejaribiwa ukashindikana.

Mdai anapogundua kasoro kama hizo akiwa katikati ya safari, ana njia tatu. Anaweza kuomba kurekebisha hati yake ya madai, ikiwa kasoro ni ndogo. Anaweza kung'ang'ania, akangoja pingamizi la awali lije limwangushe. Au anaweza kusimama mapema, akaieleza mahakama kasoro yake bila kuficha, na kuomba aondoe shauri kwa ruhusa ya kulifungua upya. Njia hii ya tatu inahitaji unyenyekevu kidogo, na pengine ndiyo sababu wengi huikwepa. Aliyekwisha kuwatangazia majirani kwamba atashinda huona aibu kwenda kuondoa. Lakini asichelewe. Mahakama zetu hazipendi kuona mtu akikimbilia kuondoa shauri ili kulikwepa pingamizi ambalo upande wa pili umekwisha kuliwasilisha na kujiandaa kulitetea.

Mfano mkubwa kuliko yote tunaoufahamu wa njia hii unatoka mbali, katika wilaya ya Clarendon, jimbo la South Carolina, huko Marekani, na walioubeba walikuwa waumini wa kawaida kama ninyi. Watoto weupe wa wilaya hiyo walikuwa na mabasi ya kuwapeleka shule. Watoto weusi hawakuwa hata na moja, nao walitembea maili nyingi. Mchungaji Joseph DeLaine wa Kanisa la Methodisti la Waafrika, ambaye alikuwa pia mwalimu, aliwahimiza wazazi kudai basi. Mkulima mmoja, Levi Pearson, alikubali jina lake litumike. Shauri lake lilitupwa nje mwaka 1948, kwa sababu shamba lake lilikuwa mpakani na kodi yake ilionekana kulipwa katika eneo jingine la shule. Hiyo ni kasoro ya utaratibu, ndugu wasomaji. Haki ya watoto kupanda basi haikuguswa hata kwa neno moja.

Wazazi hawakukata tamaa. Novemba 1949 watu zaidi ya 100, wakubwa kwa watoto, waliweka saini katika ombi lao, safari hii wakidai shule zilizo sawa. Jina lililotangulia katika orodha lilikuwa la Harry Briggs, aliyewahi kuwa askari wa majini na aliyekuwa akifanya kazi katika kituo cha mafuta. Alifukuzwa kazi. Mke wake Eliza, aliyekuwa mhudumu katika nyumba ya wageni, alifukuzwa pia. Mei 1950 shauri lao lilifunguliwa katika mahakama ya shirikisho, likisimamiwa na wakili Thurgood Marshall.

Mwezi Novemba 1950 wakili huyo alifika mbele ya Jaji Waties Waring kwa maandalizi ya usikilizaji. Shauri lilivyoandikwa lilidai majengo, mabasi na vifaa vilivyo sawa, huku likiuacha ubaguzi wenyewe ukae. Jaji alimweleza Marshall kwamba kama alitaka kuupinga ubaguzi wenyewe kuwa ni kinyume cha Katiba, basi aondoe shauri lile na kuleta jingine lenye kusema hivyo waziwazi. Marshall alisita, na alikuwa na sababu. Shauri alilokuwa nalo lilikuwa na matumaini makubwa ya kushinda mbele ya jaji huyo mmoja. Shauri jipya lingepaswa kusikilizwa na majaji watatu, kwa kuwa lingepinga sheria ya jimbo, na ilikuwa rahisi kukisia kwamba wawili kati yao wangekuwa upande wa pili. Hata hivyo shauri la kwanza liliondolewa bila kuathiri haki ya kufungua upya, na Desemba 1950 likafunguliwa jipya.

Waliotabiri walitabiri sawa. Juni 1951 walishindwa kwa kura mbili dhidi ya moja, ile moja ikiwa ya Waring. Lakini kwa kuwa shauri lilikuwa la majaji watatu, rufaa yake ilikwenda moja kwa moja katika Mahakama ya Juu ya Marekani, ikaunganishwa na nyingine nne, na tarehe 17 Mei 1954 Mahakama hiyo ikatamka kwamba ubaguzi wa rangi katika shule za umma ni kinyume cha Katiba. Hukumu hiyo inajulikana kwa jina la shauri jingine kati ya yale matano, lile la Brown, na watu wa Clarendon husahauliwa mara nyingi. Bei waliilipa wao. Nyumba ya Mchungaji DeLaine iliteketezwa mwaka 1951, kanisa lake mwaka 1955, naye akalazimika kulikimbia jimbo lake. Jaji Waring alistaafu mwaka 1952 akahamia New York.

(Wasomaji wetu walio upande wa Kenya watapenda kukumbuka kwamba Marshall huyo huyo ndiye aliyealikwa na Tom Mboya mwaka 1960 kuwa mshauri wa wajumbe wa Kiafrika katika mkutano wa katiba wa Lancaster House, London, na aliandika rasimu ya haki za raia kwa ajili ya Kenya. Na kwa kuwa tumewataja, kanuni za Kenya za mwaka 2010 ni laini zaidi kuliko zetu: kabla shauri halijapangiwa kusikilizwa, notisi ya maandishi inatosha kuliondoa, na kuondoa huko hakumzuii mdai kurudi, baada ya hapo ni lazima wahusika wote wakubali au mahakama itoe ruhusa.)

Tumekaa sana Clarendon kwa sababu moja. Wengi hudhani kwamba anayeondoa shauri ameogopa. Wale wazazi waliliondoa shauri lililokuwa jepesi wakalichukua lililo zito, na walifanya hivyo wakiwa wamekwisha kupoteza kazi zao. Tena waliliondoa kwa namna iliyowaachia njia ya kurudi. Bila hilo, ujasiri wao ungeishia Charleston katika Novemba ile.

Turudi nyumbani. Mtu asidhani kwamba ruhusa ya kufungua upya inasimamisha saa. Amri ile ile ya 23 inasema kwamba katika shauri jipya, sheria ya ukomo wa muda inahesabiwa kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Madai ya ardhi yana miaka 12, ya mkataba miaka 6, na ya madhara mengi ya kiraia miaka 3. Aliyevamiwa shamba lake miaka 11 iliyopita, akakaa na shauri bovu mahakamani miezi kadhaa, kisha akaliondoa kwa ruhusa na kurudi nyumbani kupumzika mwaka mzima, atarudi akute mlango mwingine umefungwa. Zipo nafuu chache katika Sheria ya Ukomo wa Muda, hasa kwa aliyekuwa akifuatilia shauri lake kwa bidii na nia njema mbele ya mahakama isiyokuwa na mamlaka. Lakini nafuu hizo huombwa na huthibitishwa, wala haziji zenyewe.

Jambo jingine linahusu wadai walio wengi. Sheria inakataza mahakama kumruhusu mdai mmoja kati ya wengi aliondoe shauri bila ridhaa ya wenzake. Tunalisema hili kwa uchungu, kwani tumeona wasemaji wa vikundi wakiitwa pembeni, wakalishwa chakula kizuri, kisha wakaenda peke yao kusema kwamba wanakijiji wamepatana. Wenzao wana haki ya kusimama na kusema hawakuridhia. Kikundi chochote kinachofungua shauri na kiandike muhtasari wa kikao kila kinapoamua jambo kubwa, kila mmoja aweke saini yake, na nakala ikae kwa mtu asiyekuwa msemaji.

Ni haki pia tuutazame upande wa pili wa mezani. Mdaiwa naye ni mtu. Amelipa wakili, ameacha kazi zake, amelala bila usingizi. Mdai angekuwa huru kuingia na kutoka mahakamani apendavyo, mashauri yangekuwa fimbo ya kuwachapia maskini, na angeweza kuondoa kila anapoona hakimu hampendezi ili akajaribu kwa mwingine. Sheria yetu ya mwenendo wa madai inafuata kwa karibu ile ya India ya mwaka 1908, na mwaka 1986 Mahakama ya Juu ya India, katika shauri la kampuni ya usafirishaji ya Sarguja, iliona hatari hiyo. Iliamua kwamba aliyeondoa ombi lake katika Mahakama Kuu bila ruhusa ya kuleta jingine asirudi huko na ombi lile lile, ingawa maombi ya aina hiyo yalikuwa nje ya kanuni za kawaida za madai. Majaji waliacha kando maombi yanayohusu uhuru wa mtu. Kwa maoni yetu mpaka huo umewekwa mahali pake. Tunachodai kwa ajili ya watu wetu ni kwamba waujue kabla hawajauvuka.

Na pale ambapo watu wamepatana kweli, kama tulivyoamini kuwa wakulima wetu wamepatana, iko njia iliyo bora kuliko kuondoa. Makubaliano huandikwa, husainiwa na pande zote mbili, kisha hupelekwa mahakamani yasajiliwe kuwa hukumu. Hapo anayevunja neno lake anakuwa amevunja hukumu, na aliyekosewa anakwenda kukaza hukumu bila kuanza kesi mpya. Laiti tungelisema hili kwenye kikao cha wazee siku ile! Yule bwana alikuwa tayari kutia saini; alikuwa akitabasamu.

Tunawaomba viongozi wa jumuiya kwamba mtu yeyote anayetaka kuliondoa shauri lake aonane kwanza na msaidizi wa kisheria. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi hao. Aende na ombi lake likiwa limeandikwa, sababu yake ikiwa imetajwa, na maneno ya ruhusa ya kufungua upya yakiwa ndani yake. Amri ikitolewa, aisome kabla hajaondoka katika jengo. Tangu mwaka 2021 sheria imeweka Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, hivyo asione haya kuomba aelezwe kilichoandikwa. Ikiwa maneno yale hayamo, amwambie karani hapo hapo. Mahakama za Mwanzo zina kanuni zake, na huko ni vema kuuliza kabla ya kutenda lolote.

Kuhusu wale wakulima, wakili mmoja anayetusaidia kwa kujitolea ameyapitia majalada yote mawili. Anaona kwamba uvamizi uliofanywa na trekta baada ya mapatano huenda ukahesabiwa kuwa chanzo kipya cha madai, tofauti na kile cha shauri lililoondolewa. Hakutuahidi kitu, nasi hatuwaahidi wao. Tume imebeba gharama za nauli za wadai hadi Baraza litakapotoa uamuzi, na yule mama aliyetuuliza swali ndiye sasa anayetunza nakala za karatasi zote.